Saa Pekee Katika Ploti

Jumatatu, 6 Juni 1994
Nyapara Kimeu ametangaza langoni mwa kiwanda: Ijumaa kibarua mmoja ataandikwa kazi ya kudumu. Sharti, awe katika kumi wa kwanza kwenye foleni kila siku. Leo nilikuwa wa tisa. Opicho, jirani yangu hapa Kayole, wa kwanza. Ana miguu mirefu, jamani! Na nani humwamsha? Saa yangu. Ndiyo saa pekee katika ploti. Ikilia saa kumi na moja alfajiri, kuta za mabati huipeleka vyumba vyote vinane. Asante sijawahi kusikia.

Jumanne, 7 Juni
Wa kumi. Jasho jembamba! Lakini dawa nimepata. Nimerudisha mishale nyuma nusu saa. Wachelewe wote. Mimi nitaamka kwa akili yangu. Nekesa, mke wangu, kauliza hiyo akili imeanza lini.

Jumatano, 8 Juni
Opicho alibisha alfajiri. Eti adhana imeshatoka, niamke twende. Nikatazama saa. Bado! Nikamwambia dirishani kwamba saa yangu haijawahi kumdanganya mtu. Akasema pole, akaenda zake. Nikalala tena, kwa hasira.

Wa ishirini na sita! Nyuma yangu, ploti nzima, isipokuwa Opicho: yeye wa kwanza tena. Nimewaambia ni betri. Saa yenyewe ni ya kutia ufunguo. Nimemsihi Kimeu mpaka akachoka: nikiwahi siku mbili zilizobaki, atasahau ya leo.

Alhamisi, 9 Juni
Niliirekebisha saa, kisha nikaisogeza mbele, saa nzima. Sikukumbuka kwamba kengele inasikika kwa wote. Ploti yote ikaamka saa kumi, ikashika njia. Hata Nthoki, mwenye watoto watatu wa kuandaa, alinipita. Wa kumi na moja.

Ijumaa, 10 Juni
Kaandikwa Opicho. Amewaambia majirani kilichomsaidia ni adhana. Basi wote sasa wataamka nayo. Jioni nzima hakuna aliyeniuliza ni saa ngapi. Imeniuma kweli.

Jumamosi, 11 Juni
Nimekaa nikafikiri. Kosa nimeliona: nilihangaika na saa moja, kumbe mtaani zipo mbili. Kesho naenda kwa Mzee Hamse, mwadhini. Nitamwomba acheleweshe adhana nusu saa, wiki moja tu. Ni mtu mwelewa. Na nusu saa ni kitu gani? Hakuna atakayegundua.