Niliuawa na Fenesi Sehemu ya Tisini na Saba

Kwa Mheshimiwa Mkurugenzi wa Tamthilia,
Kituo cha Televisheni, Rio de Janeiro.

Bwana Mkurugenzi,

Pokea salamu na heshima zangu zote. Kabla sijafika kwenye kifo changu, kwanza nikunyooshee jambo moja. Habari za Valdirene Quintão, mwandishi wako, kila mtu anazisimulia vibaya. Lile jarida lenye picha yake ameshika kikombe limeandika eti alijifunza kutunga hadithi huko Rio, kwa profesa mwenye ndevu. Uongo mtupu. Alijifunza kwangu, hapa Córrego das Lajes, na mimi ndevu sijawahi kufuga hata wiki moja.

Mimi ni Onofre Pimenta, baba yake wa ubatizo. Miaka thelathini na moja niliendesha mashine ya sinema ya mji huu. Filamu tulikuwa tunagawana na mji wa jirani. Wao wakimaliza mkanda wa mwisho, ndiyo unaletwa kwetu kwa basi. Basi likikwama kwenye matope, filamu haina mwisho na watu wanapiga viti. Sasa nani anawaokoa? Mimi. Natoka kwenye chumba cha mashine, nasimama mbele ya pazia jeupe, namalizia kwa mdomo. Nikikuambia watu walikuwa wanaomba basi likwame, usinibishie.

Valdirene alikuwa na miaka tisa, anakaa mstari wa mbele na daftari. Siku moja nimeshamfikisha bwana harusi kanisani, mtoto akasimama: "Baba, huyo si alipigwa risasi mwanzoni?" Nikamjibu, "Alipigwa, lakini hakufa vizuri." Ukumbi mzima makofi. Yeye akainama, akaandika. Hiyo ndiyo shule yake, Bwana Mkurugenzi, na ada sikumtoza.

Alivyokua akaenda Rio. Akaandika matangazo ya sabuni. Akaandika filamu ya mtu anayetazama ukuta kwa saa mbili. Ikapata tuzo ng'ambo. Mimi niliitazama mara mbili, mara ya pili nikidhani nimepitiwa, labda ukuta ulifanya kitu. Ndipo ninyi mkamchukua, mkampa tamthilia ya baada ya taarifa ya habari: kurasa thelathini kila siku, Jumatatu mpaka Jumamosi, na kila asubuhi karatasi ya kumwambia watu wangapi walimtazama jana. Nani asingeishiwa hadithi? Na mtu akiishiwa anarudi kwao kuchukua alichoacha. Akanichukua mimi.

Yule mzee wenu, Seu Querubim, mwenye kofia na kikohozi, anayedai aliwahi kupanda mamba mpaka ng'ambo ya mto, ni mimi. Mamba ni wangu. Sikulalamika, hata nilifurahi. Na yule mjane anayeuza keki dirishani, Dona Clarinda, anayemkatalia Querubim kila wiki, ni Dona Ermelinda wa mtaa wetu. Huyo nimembembeleza miaka ishirini na miwili. Nikimwambia "Ermelinda, tuoane," ananipa kipande cha keki ya mahindi, ananiambia, "Kula, Onofre, huku unatafuta uongo mwingine."

Tamthilia ilipoanza, akasema mbele ya watu, kwenye foleni ya mkate: "Haya, Onofre. Siku Clarinda akikubali, na mimi nakubali. Huyo Valdirene anakujua kuliko mimi. Nitamfuata yeye." Mji mzima ukasikia. Kuanzia siku hiyo hakuna televisheni iliyozimwa.

Sehemu ya tisini na sita Clarinda akakubali. Ermelinda akazima jiko, akaja mpaka mlangoni kwangu na aproni yake, akasema, "Basi nimekubali, tena acha kunitolea macho." Sehemu ya tisini na saba, Querubim yuko njiani kwenda kanisani na suti nyeupe, fenesi likamwangukia kichwani. Akafa. Hakuniuliza mtu. Valdirene hakunipigia simu hata ya kuniaga. Kwa hiyo malalamiko yangu ni haya:

1. Kufa kwa fenesi. Mtu aliyepanda mamba!

2. Siku ya saba Padri Anselmo akamsomea Querubim misa, kama asomewavyo marehemu yeyote. Kanisa likajaa kuliko Pasaka. Mimi nikasimama katikati ya mahubiri, nikasema nipo hapa, naonekana. Padri akaniambia kwa upole, "Kaa chini, Onofre, usimharibie marehemu misa yake." Na mlangoni watu wakanipa pole. Dada wawili walinikumbatia, wakaniambia nilikuwa mtu mwema. Nilikuwa!

3. Kwa wachezaji wa domino kiti changu amepewa Nestor kinyozi. Nikamwambia, "Nestor, inuka." Akasema, "Seu Onofre, pumzika. Umeteseka vya kutosha." Na kete alikuwa anazichezea kijinga, ndiyo iliyoniuma zaidi.

4. Diwani Gumercindo anataka kile kichochoro cha nyuma ya sinema ya zamani kipewe jina langu. Nimemshukuru. Akasema kuna tatizo dogo, sheria yetu hairuhusu mtaa kuitwa jina la mtu aliye hai. Nikamwambia, basi ngoja. Akasema, "Tungoje nini tena? Mji mzima umekuzika. Wewe tu ndiye unatuchelewesha."

5. Hili ndilo lililonikalisha chini niandike. Ermelinda amevaa nyeusi. Nyeusi kweli, mpaka soksi. Keki hauzi. Nilikwenda dirishani kwake, nikamwambia, "Ermelinda, aliyekufa ni mtu wa televisheni. Mimi huyu hapa, nishike mkono." Hakunishika. Akasema, "Nilisema nitamfuata Clarinda. Clarinda ni mjane mara mbili sasa, na mimi ni hivyo hivyo. Miaka ishirini na miwili nimekusikiliza ukibadilisha maneno yako, Onofre. Langu moja nililosema mbele ya watu sibadilishi." Akafunga dirisha. Hilo dirisha sijawahi kuliona limefungwa mchana.

Bwana Mkurugenzi, nasikia ninyi hamwandiki hadithi mpaka mwisho ndiyo mwonyeshe. Mnaandika huku inaonyeshwa, na mnakusanya akina mama wanane São Paulo, mnawapa biskuti, mnawauliza nani aishi na nani aondoke. Vizuri. Lakini Córrego das Lajes hamkuuliza, na Ermelinda hamkumpa hata biskuti. Zimebaki sehemu ishirini na tatu. Nataka Querubim afufuke. Njia nimeshakutafutia: mwambieni daktari aseme fenesi lilikuwa limeiva. Fenesi lililoiva ni laini. Mtu anazimia tu, anaamka ananata. Kama mnaona haya kumtoa kaburini, semeni aliyezikwa ni pacha wake. Mnao mapacha wengi, hata mimi nimewahesabu saba kwenye tamthilia zenu. Na kama hilo nalo halifai, basi muueni Clarinda pia, Ermelinda naye awe marehemu, Padri atatufungisha ndoa huko huko tuliko, mradi tuwe upande mmoja.

Valdirene mpeni adhabu. Mpunguzieni kurasa, au mwongezeeni, mnajua wenyewe ipi inauma zaidi. Mtu hamuui baba yake wa ubatizo bila kumwomba ruhusa.

Wasalimie wapiga picha wote, na waliovaa zile nguo, na yule anayemwaga mvua kwa bomba. Nisalimie pia akina mama wanane. Nestor kinyozi naye anakusalimu, lakini usimjibu.

Ni mimi, hai kabisa,
Onofre Pimenta

Nyongeza: Nimekwenda kununua bahasha, nimerudi, nimeona ni afadhali niseme. Jambo moja humu nimelitunga. Valdirene alipiga simu. Alipiga wiki tatu kabla ya fenesi, kwenye simu ya duka la dawa, amefurahi mpaka sauti inapanda. Akasema, "Naomba baraka yako, baba. Nimekuletea zawadi. Clarinda anakubali, kanunue suti." Mimi nikaingiwa na hofu. Miaka ishirini na miwili nimezoea kukataliwa, kazi hiyo naiweza. Kukubaliwa sijazoea. Nikamwambia, "Binti yangu, niue." Akacheka. Nikarudia. Akaniuliza mara tatu, "Baba, una uhakika?" Nikasema nina uhakika, tena nikampa na fenesi, maana yeye alitaka ugonjwa wa moyo, nikaona ni kifo cha mtu asiye na hadithi. Kwa hiyo msimpe adhabu. Nilidhani Ermelinda atacheka, atanipa keki, tutaendelea kama zamani. Sikujua alikuwa ameshashonesha gauni la harusi. Nimeliona leo kupitia uwazi wa mlango wake, limening'inia nyuma ya jiko, la bluu. Mfufueni tu. Safari hii simu ikilia, sipokei.