Hedifoni za Mama Mkwe

Jumatatu, 3 Machi

Nimeuawa tena. Mgongoni, kama kawaida. Muuaji ni Kamanda, mdogo wake mke wangu, mtu mzima mwenye ndevu zake, aliyekuja kwetu kwa wiki moja kutafuta nafasi nzuri. Nafasi nzuri aliyoipata mpaka sasa ni kona ya kochi langu.

Mchezo wenyewe ni huu: askari wanawindana ndani ya majumba yaliyobomoka. Ukizisikia nyayo za adui kabla hajakuona, umepona. Mimi sizisikii. Mke wangu ameipunguza sauti ya televisheni mpaka mbu akipita anasikika kama mpiga tarumbeta. Sababu ni Mama mkwe. Amepasuliwa jicho, daktari kasema apumzike mchana, na chumba chake na sebule vimetenganishwa na ukuta mwembamba kuliko subira ya binti yake.

Leo bomu lililipuka (la kwenye gemu), nikapiga ukelele (wa kweli), Mama akaruka kitandani akidhani mtungi wa gesi umepasuka. Mke wangu ni muuguzi. Hakupaza sauti. Alizungumza kwa ule upole anaowaambia wagonjwa kwamba sindano haiumi. Kelele moja zaidi, alisema, na hiyo mashine ya gemu inahama nyumba.

Kamanda, ambaye hakuulizwa na mtu, akachangia kwamba tatizo langu si sauti, ni umri. Umri! Nikamwita uwanjani hapo hapo. Jumamosi, kikosi chake na changu. Atakayeshindwa ataosha vyombo vyote vya nyumba hii mpaka siku Kamanda atakapohama. Tulipokwisha kupeana mikono ndipo nikatambua kwamba kifungo hicho hakina mwisho.

Dawa ni hedifoni zisizo na waya. Mke wangu hatakubali ninunue kitu kingine cha gemu. Lakini atakataaje zawadi ya mama yake mzazi? Akili ni nywele, wanasema. Zangu leo ni za kusuka.

Jumanne, 4 Machi

Nimenunua. Nyeusi, laini, zinafunika sikio lote. Nimempa Mama mbele ya mashahidi. Nikasema ni za kusikilizia michezo ya redio kwenye simu yake, maana anaipenda, na jicho likiwa limefungwa mtu hana burudani nyingine. Sauti yangu ilitetemeka kidogo. Niliiacha itetemeke.

Mama akanishika kichwa kwa mikono miwili, akaniombea dua ndefu. Mke wangu alinitazama vile ambavyo hajanitazama tangu siku ya harusi. Kamanda alizitazama hedifoni, akanitazama mimi, akatabasamu. Husuda mbaya.

Mpango: zikishalala mezani, naazima.

Hazikulala mezani. Mama amekula nazo. Amekunja nguo nazo. Nimemsikia akicheka nazo bafuni. Nilipomwambia kwa upole kwamba masikio nayo yanahitaji kupumzika, alijibu kwa sauti ya mtu aliyezibwa masikio kwamba ASANTE SANA MWANANGU, NA WEWE PIA.

Jumatano, 5 Machi

Nimechukua likizo ya dharura kazini. Kwenye fomu nimeandika: kumuuguza mama mkwe. Si uongo. Nipo nyumbani, naye yupo nyumbani.

Asubuhi alizivua kwenda kunawa uso. Nikazinyakua. Nikabonyeza kitufe mpaka taa ikamemeteka buluu, nikaiambia mashine itafute. Ikatafuta. Haikuona kitu. Ikatafuta tena. Ikaona! Halafu ikaniandikia kwenye kioo, kwa adabu ya karani wa serikali, kwamba kifaa cha aina hii hakitumiki hapa. Hakitumiki! Mashine ninayoilipia umeme! Nikarudia. Jibu lile lile. Nikaikemea. Jibu lile lile.

Wakati huohuo simu ya Mama, iliyokuwa chumbani kwake, ikazivuta hedifoni kwa blututhi kama mbwa aliyeitwa na mwenyewe. Masikioni mwangu mwanamke akaanza kulia kwamba mumewe ni mlaghai. Mchezo wa redio. Nilishtuka bure.

Kamanda alipita akitafuna mkate. Akasema: "Shem, hiyo haiingii hivyo. Inataka kidude cha kuchomeka nyuma ya mashine." Nikamshukuru. Adui akikuonyesha njia, wewe pita nyingine.

Nikapita kwenye televisheni. Yenyewe ina blututhi, haina maringo. Ikashika mara moja! Sauti safi! Ila inachelewa. Yaani nilipigwa risasi, nikaanguka, nikafa, wakapita wenzangu juu yangu, ndipo nikausikia mlio wa bunduki. Nyayo za adui zilikuwa zikinifikia kama salamu za rambirambi.

Mama akatoka akipapasa meza, akiuliza nani kaona zawadi yake. Nikazichomoa chini ya mto. Nikasema nilikuwa nazifuta vumbi. Dua nyingine.

Alhamisi, 6 Machi

Nimekwenda dukani kulalamika. Muuza duka ni kijana mpole mno, wa aina inayokutia hasira. Akaeleza kwamba hedifoni ni nzima, mashine ni nzima, ila mashine za namna hii nyingi hazipokei sauti ya blututhi zenyewe. Kinahitajika kidude cha kuchomeka. Au, akasema, kuna waya ndani ya boksi, unaingia moja kwa moja kwenye pedi, ile ya kushika mkononi unapocheza, bure kabisa.

Nikamuuliza kama mtu aliyenunua gari huambiwa pia alisukume. Sikununua zisizo na waya ili nifungwe kamba kama mbuzi. Akakubali kwamba mbuzi ni mfano mzuri. Nikanunua kidude. Kimezidi kidogo ukucha wa kidole gumba, na bei yake naihifadhi moyoni.

Mke wangu alipokiona nimesema ni cha kuiongezea nguvu redio ya Mama. Akasema hajui ana bahati gani ya kuwa na mume kama mimi. Alikuwa akimenya vitunguu, kwa hiyo sina hakika na machozi.

Mchana Mama alisinzia. Nikamvua hedifoni taratibu, kama mtu anayeiba mayai chini ya kuku. Nikachomeka kidude. Taa ikamemeteka, ikatulia. Nikavaa.

Jamani.

Nilisikia upepo ukipita dirishani mwa jumba lililobomoka. Nilisikia kokoto. Nilisikia buti la mtu ghorofani, kushoto, likisita. Nikageuka, nikampiga kabla hajashuka ngazi. Mimi! Na nyumba nzima kimya, Mama anakoroma kwa raha zake. Hedifoni hizi zina kipaza sauti pia, kwa hiyo sasa nazungumza na kikosi changu. Ni watu watatu ambao sijawahi kuwaona kwa macho: Kisu Butu, Mjomba Risasi na Kimya Kingi, ambaye hanyamazi. Wakaniuliza kama pedi yangu ameishika mtu mwingine.

Kamanda, jiandae kwa sabuni.

Ijumaa, 7 Machi

Siku ya mazoezi ya mwisho. Siku ya aibu.

Katikati ya vita mlango ukagongwa. Msoma mita ya maji. Nikaziweka hedifoni kwenye kochi, nikatoka. Msoma mita ana tabia ya kueleza. Niliporudi, kochi lilikuwa tupu, na kutoka chumbani kwa Mama ilisikika sauti yake, imara, ya mtu anayepanga foleni ya watu wakorofi:

"Wewe mwanangu, usiingie huko. Kuna mtu anapanda ngazi, namsikia. Mwache apande. Na wewe unayeongea sana, nyamaza kwanza tusikie."

Nikakitazama kioo. Askari wangu alikuwa amesimama uani kama nguzo ya umeme. Wenzake watatu walikuwa wakisonga kimya kimya, kwa nidhamu ambayo sijawahi kuiona. Hata Kimya Kingi! Jicho la Mama likiwa limefungwa siku zote hizi, masikio yake yamenoleka kama wembe. Anasikia adui anayefikiria kukohoa. Wakashinda. Wakashangilia. Wakamshukuru. Yeye akamuuliza Mjomba Risasi kama mama yake mzazi bado yu hai na kama humpigia simu. Mjomba Risasi, muuaji wa watu wengi, akasema atampigia leo leo.

Nikaingia, nikazichukua, nikasema kipindi kimekwisha. Mama akaniambia hajawahi kusikia mchezo wa redio mzuri namna ile. Waigizaji wana adabu, ukiwasemesha wanakujibu.

Niliporudi sebuleni kikosi changu kilikuwa kimeniandikia ujumbe kwenye kioo. Wote watatu, ujumbe mmoja: Rudisha Mama.

Nikaufuta. Mtu una heshima yako.

Jumamosi, 8 Machi

Naandika mikono ikinuka sabuni. Nisitangulie.

Asubuhi Mama aliuliza kama ule mchezo wa redio utaendelea leo. Nikamwambia ulikwisha, wote walikufa. Akanitazama kwa lile jicho moja, muda mrefu kuliko nilivyopenda, akasema basi atalala.

Mke wangu akaenda zamu. Kamanda akaenda kuchezea kwa rafiki yake. Nikavaa. Kisu Butu akauliza Mama yuko wapi. Nikasema anaumwa. Mjomba Risasi akataka kujua anaumwa nini, tangu lini, na nani yupo naye. Nikawaambia tumekuja vitani, si kumjulia mgonjwa hali.

Na niseme ukweli: nilikuwa moto! Nikampiga mmoja wa watu wa Kamanda mlangoni, mwingine kisimani. Wenzangu wakaanguka, watu wake wakaanguka, tukabaki wawili duniani, mimi na Kamanda. Nikajibanza nyuma ya ukuta. Nikasikia nyayo. Ngazi ya tatu. Ya pili. Nikashika pumzi. Kidole kikiwa tayari.

Ting!

Nyayo zikakatika. Simu ya Mama ilikuwa inaita chumbani kwake, na hedifoni, ambazo zina marafiki wawili na hazina haya, zikaikimbilia. Nikabonyeza kitufe cha kukata. Kumbe ndicho cha kupokea.

"Shikamoo Mama."

Sauti ya dada yake mkubwa mke wangu. Ningesema nini? Nikabana pua. "Marahaba."

"Una mafua? Haya, bado unamtesa huyo mkwe wako? Mrudishie basi hizo hedifoni zake, maskini! Tangu Jumanne unacheka peke yako. Mwanamume mzima kanunua kitu chake cha gemu anakiita zawadi, nawe unajifanya hata bafuni unaoga nacho! Na ile ya redio jana, Mama, nilicheka mpaka watoto wakaniletea maji. Ati anaamini kwamba wewe unaamini ni redio!"

Nilikuwa bado nimebana pua. Kwenye kioo, Kamanda alikuja nyuma ya askari wangu kwa kunyata, bila haraka, akasimama kidogo kama mtu anayechagua nyanya, akanipiga. Sikusikia kitu.

Nilipogeuka, Mama alikuwa mlangoni, simu mkononi. Akasema, "Mwanangu, nadhani hiyo simu ni yangu." Nikampa hedifoni. Akamwambia binti yake kwamba hapa wote wazima, mkwe ameuawa tu, si kitu. Akakata.

Kisha akaketi kando yangu kwenye kochi, kwenye kona ya Kamanda. Nilisubiri kusemwa. Hakunisema. Aliuliza, "Ungeniomba tu, ningekunyima?" Nikasema hapana. Akasema kukaa gizani kunachosha, saa haziendi, na kwamba wiki hii, kila akinisikia ninanyata ukumbini na kidude changu, mchana ulikuwa mfupi. Akanipigapiga gotini. Nilitaka kusema neno zuri.

Nikamwuliza kama angekuwa tayari kucheza marudiano na Kamanda kwa jina langu.

Alicheka. Akasema vyombo viko jikoni, na sufuria ya uji imeganda.

Jumapili, 9 Machi

Nimeosha vya asubuhi. Nimeosha vya mchana. Kamanda anakula kwa sahani mbili, moja ya chakula na moja ya kuwekea tu. Anasema hana haraka ya kuhama, nyumba ina huduma nzuri.

Mama amenikabidhi hedifoni. Zangu kabisa. Amesema nikitaka kitu tena, nina mdomo. Mke wangu alikuwa amesimama pale akaitikia kwa kichwa. Akaongeza kwamba hata yeye alijua tangu Jumanne, na kwamba mtu mkweli ni rahisi kuishi naye. Nimeyapokea yote. Nimekaa nayo mbele ya sinki, nimeyatafakari kwa kina, na nimeona kosa liko wapi.

Kosa lilikuwa blututhi. Hedifoni zilijua simu ya Mama. Zingejua mashine peke yake, leo Kamanda angekuwa na mapovu hadi viwikoni.

Na ukubwa wa kioo. Alinijia nyuma kwa sababu televisheni yetu ni ndogo, upande wote wa kulia wa dunia hauonekani. Sasa, siku ya kuzaliwa ya mke wangu inakaribia. Mwanamke anarudi kazini amechoka, anaketi, anataka kuona utabiri wa hali ya hewa. Hali ya hewa ni kitu kipana. Mvua haiwezi kueleweka kwenye kioo cha ukubwa wa trei. Nikimnunulia televisheni kubwa, nikaifunga utepe, sauti yangu ikatetemeka kidogo, nani atasema ni yangu?

Nimemuuliza Mama, kwa mbali sana, bila kufichua lolote, kama anadhani mke wangu angependa kuiona mvua kwa ukubwa wake halisi. Amecheka mpaka akashika ukuta.

Nadhani amelipenda wazo.