Mamamkwe Aliyekataa Kuwa Mbaya

Jumatatu, Machi 3
Bado bibi arusi! Mume wangu Muthoka ananipigia mluzi hata nikifagia. Ruiru yote inanukia yeye. Leo nimeanza filamu yangu ya kweli tupu: binti Mkikuyu aolewa kwa Wakamba, mamamkwe amkataa. Watu watalia!

Shida ni moja. Mamamkwe ananipenda.

Jumanne, Machi 4
Gatuanyaga, kwa mamamkwe. Vumbi hadi kwenye meno. Rafiki yangu Becky ameshika kamera. Nikamwambia Mwaitu, ndivyo tunavyomwita mamamkwe, kwamba muthokoi wake, yale mahindi yaliyokobolewa na maharagwe, hauna ladha bila viazi. Tusi zito hilo! Akacheka, akaenda kuomba viazi kwa jirani.

Siku imeharibika kabisa.

Alhamisi, Machi 6
Nimepata dawa! Kwao na kwetu, binti wa kwanza hupewa jina la mama wa mume. Nikamwambia Mwaitu kwamba binti wetu hataitwa Ndinda kama yeye. Ataitwa Wamboi, kama mama yangu.

Akasema ni sawa, mtoto wangu, bora azaliwe mzima. Chozi likashuka. Chozi safi, jua likilipiga! Nilitaka kumbusu Becky.

Jumamosi, Machi 8
Woi.

Nilimwalika Mwaitu Ruiru ajione kwenye televisheni. Alivaa leso niliyompa siku ya harusi. Likaja lile chozi. Na nyuma yake sauti yangu, maana nilisahau kuzima maikrofoni: Becky, ni uongo tu, lakini usimwambie, msogelee.

Mwaitu akauliza kama jina lake ni mchezo. Nikamweleza kuwa ni sanaa. Akavua leso, akaikunja vizuri, akaiacha kwenye kiti. Muthoka akamsindikiza nyumbani bila kuniangalia.

Hajarudi. Nimejaribu kujipigia mluzi mwenyewe. Imetoka hewa tu.

Jumapili, Machi 9
Muthoka amepiga simu! Sauti yake, Ngai wangu, ni kama chai ya maziwa. Anasema Mwaitu amekubali niende leo kuomba msamaha. Mama yake akiumizwa tena, yeye hatarudi Ruiru. Niende peke yangu. Bila kamera.

Nitapiga magoti. Nitalia kwa moyo wote, na ni kweli, nampenda mno, nampenda hata mama yake.

Becky ametangulia na kamera. Nimemwambia ajifiche nyuma ya zizi la mbuzi. Hapo jua halitaharibu picha.