Mashairi Yote ya Mmarekani na Mahari ya Régine

Jumatatu, 12 Mei 2025

Nimepinduliwa! Leo Dada Thérèse ametangaza mbele ya ukoo mzima, katikati ya chai, kwamba msemaji wetu siku ya mahari ya Régine atakuwa Florent. Florent ni mume wake. Shemeji! Tangu lini shemeji akasema kwa niaba ya ukoo? Régine ni mtoto wa marehemu kaka yangu. Nimemlea mimi tangu alipofika Brussels kutoka Bukavu, meno ya mbele yakiwa yamemtoka. Nani wa kumkabidhi kwa wakwe kama si mimi?

Sababu waliyotoa ni hii: mara ya mwisho niliposema, kwenye mahari ya binti wa binamu yetu Rolande, nilimwita bwana harusi kwa jina la mchumba wa zamani. Kosa moja tu. Tena yule wa zamani alikuwa na adabu zaidi.

Florent ni mwalimu mstaafu. Anaongea polepole, kama mtu anayeandika ubaoni. Wageni watalala. Inanibidi nipate maneno mazito kuliko yake kabla ya Jumamosi.

Jumanne, 13 Mei

Mungu yupo! Tangu kiwanda cha magari kule Forest kifungwe nina muda wa kuzurura. Leo, kwenye kabati la vitabu vya bure karibu na kituo cha tramu, nimeokota kitabu kizito kama tofali. Mashairi yote ya mshairi mmoja wa Marekani, bado yu hai, yametafsiriwa kwa Kifaransa. Nyuma kuna picha yake: ndevu, sweta, uso wa mtu aliyeteseka kwa hiari yake. Jina lake siliandiki hapa. Shajara hii ikiangukia mikononi mwa Florent, itakuwa ushahidi.

Mpango ni mwepesi. Nachagua shairi, naligeuza Kiswahili, nalisema kama langu. Nani pale ukumbini Saint-Josse atamjua Mmarekani huyu? Wakwe wetu ni watu wa Lubumbashi. Wanajua mpira.

Kitabu nimekivalisha kitenge, kama Biblia ya mke wa mchungaji. Juu nimeandika jina langu kwa kalamu nene. Nimependeza.

Jumatano, 14 Mei

Kazi ngumu. Mmarekani ameandika juu ya kila kitu alichokutana nacho maishani. Shairi la jokofu. Shairi la figo lake. Kurasa na kurasa za theluji, utafikiri sisi wa Evere, hapa Brussels, hatuijui. Nilisinzia, kitabu kikaniangukia puani.

Baada ya chakula nikalipata. Linaitwa "Kwa Molly". Bila shaka binti yake. Linajaza ukurasa mmoja kutoka juu hadi chini kabisa, limetoshea bila kupungua wala kuzidi. Mshairi mwenye nidhamu. Baba anasema:

Nani atanisubiri mlangoni jioni hii?
Nani atazijua hatua zangu kabla sijamaliza ngazi?
Umeondoka, na nyumba imekuwa kubwa ghafla.

Régine alipokuwa mdogo, nikirudi kutoka zamu, alikuwa ananisikia nikiwa bado chini. Nikifika ghorofani mlango uko wazi, yeye amesimama pale na soksi moja. Sasa ni muuguzi, ana funguo zake na mchumba wake Hervé, na baada ya Jumamosi atakuwa wa watu wengine. Sitaki aondoke. Basi, nimeandika.

Nimemtoa Molly, nimemweka Régine.

Alhamisi, 15 Mei

Ushindi! Nimekwenda kwa Dada Thérèse na kumwomba anisikilize kidogo tu, nimetunga kitu. Alikuwa anakaanga samaki. Nilipofika kwenye mstari wa ngazi alizima jiko. Nilipofika kwenye ule wa nyumba kubwa alikuwa analia kabisa, anajifuta kwa kona ya kitenge. Akaniambia, "Éliézer, sikujua kama uko na roho ya hivi. Bon, utasema weye. Lakini jina ya mutoto, usiipoteze."

Florent alikuwa mezani. Hakukasirika, jambo ambalo lilinikasirisha. Aliuliza tu kama shairi linaishia pale, maana yeye analisikia kama linaning'inia. Wivu mtupu. Nikamjibu kwamba shairi si somo la kupigiwa kengele. Akaomba kuliona hilo daftari langu la kitenge. Nikasema ni mambo ya siri ya mtunzi, nikalikalia.

Ijumaa, 16 Mei

Nimerudia mbele ya kioo. Sina mpinzani.

Jumapili, 18 Mei

Jana sikuandika. Leo naeleza kwa utulivu, maana watu wataeleza vibaya.

Ukumbi wa Saint-Josse ulijaa. Familia mbili zilikaa zikitazamana, kama inavyotakiwa. Msemaji wao alikuwa Maman Cécile, shangazi yake Hervé, mwanamke mwenye kilemba na sauti ya kuongoza gwaride. Akasimama akasema wamepita njiani wakaona ua zuri bustanini kwetu, wamekuja kuliomba. Ya kila siku hayo. Nikasimama mimi.

Nililisema shairi bila kukosea hata neno. Jina la Régine nilitamka wazi, mara zote. Halafu vigelegele! Mama mmoja wa upande wao alinibandika noti kwenye paji la uso. Nilimtazama Florent. Alikuwa anapiga makofi, naye.

Wakaanza kuita niendelee, niendelee. Mtu mwenye akili ndogo angeketi. Mimi nilitoa kitabu changu cha kitenge, nikafungua pale penye Molly, nikageuza ukurasa nitafute shairi jingine. Kumbe shairi lilikuwa linaendelea upande wa pili! Nilifurahi. Chakula kimeongezwa sahanini bila kuomba.

Sasa, kutafsiri Kifaransa kwenda Kiswahili ukiwa umesimama, noti iko usoni, ni kazi inayotaka kichwa chote. Mdomo unatangulia. Nikasoma: bado nayaona manyoya yako kwenye kochi. Watu wakacheka kwa upole. Nikaeleza kwamba ni nywele za bandia, wasichana huziacha popote. Nikaendelea: bado nausikia mkia wako ukigonga sakafu.

Nilikuwa nimeshalitamka kabla sijalisikia.

Kusimama hapo kungeonekana ni woga. Kwa hiyo nikasoma mpaka mwisho: Daktari wa mifugo alinishika bega. Lala, Molly, chini ya mti wa peasi, pamoja na mpira wako.

Maman Cécile aliuliza, kwa adabu ya kutisha, kama watu wa Bukavu wamewaita watu wa Lubumbashi waje kupokea mbwa. Na tena huyu Molly ni nani, maana wao wamekuja kwa ajili ya Régine. Dada Thérèse alijifunika uso kwa mikono miwili. Nyanya yake Hervé alivuta mkoba wake. Ndugu zake wakaanza kutafuta makoti. Niliona harusi ya mtoto wangu inatoka mlangoni, na nilikuwa nimeifungulia mwenyewe.

Hapo Régine akasimama. Bibi harusi hasemi mpaka aulizwe, anajua hivyo.

"Maman Cécile, munisamehe," akasema. "Papa alikuwa anatoka ku kazi, mimi njo nilikuwa namungojea ku mulango, kila siku. Kama ile njo kazi ya imbwa, bon, mimi niko imbwa yake. Sasa Hervé njo ataningojea, juu ni mimi nitakuwa natoka ku garde, zamu ya hospitali."

Hervé akasema ndiyo, atangoja. Alisema haraka, mtoto mzuri. Maman Cécile akaanza kucheka, kwanza kwa mabega, halafu wote. Nyanya akaweka mkoba chini. Wakatoa sharti moja, kwamba upande wetu ubadilishe msemaji. Florent akamaliza kwa maneno machache. Polepole. Hakuna aliyelala.

Lakini wakati wa kuvuka ukumbi kwenda kwa wakwe, Régine alikataa mkono wa Florent. Alikuja akaushika wangu. Dada Thérèse aliniambia sikioni nisiseme kitu. Nikamvusha.

Jumatatu, 19 Mei

Nyumba ni kubwa ghafla. Mmarekani alisema kweli, hata kama alimtungia mbwa. Nimesikia hatua kwenye ngazi nikafungua mlango. Alikuwa jirani, na mifuko yake.

Florent amepiga simu. Hakunicheka. Ameniambia kwa upole kwamba kitabu husomwa mpaka mwisho, au angalau shairi. Nimemshukuru. Mwalimu huwa haponi ualimu.

Nimelichunguza jambo lote bila upendeleo na kosa nimelipata. Ni la mpiga chapa. Mtu akimaliza ukurasa bila kuwa amemaliza, aandike chini: geuza. Kwangu mimi mpango ulikwenda sawa. Nani aliyemvusha Régine? Mimi.

Dada Thérèse amesema harusi ya kanisani ikifika, mwezi wa saba, nitaruhusiwa kusema kidogo ukumbini, ila Florent akague kwanza. Akague nini? Nimeshapata, leo hii, kwenye kitabu kilekile. Linaitwa "Kwa Grace, Asubuhi ya Kuondoka". Bila shaka binti yake wa pili. Zuri kuliko la kwanza. Baba anamtazama akishuka njiani, macho yake makubwa meusi, hatua zake za taratibu, kengele yake shingoni, na wote tuliokunywa kutoka kwake tunamshukuru. Huo ni upendo wa familia, anausema kishairi.

Limejaza ukurasa mmoja, juu hadi chini kabisa. Limetoshea sawasawa. Upande wa pili sikugeuza, hakuna haja.