Watu Ishirini wa Foleni ya Maji

Jumatatu, 9 Julai 1984
Ukame! Bomba linatoa maji kwa kwikwi, foleni imefika kwa muuza makaa. Ufunguo wa bomba ninao mimi, shingoni, kwa hiyo hata wasio na adabu wananiamkia. Jumamosi akina mama wa mtaa wetu, Shauri Moyo, tunachagua mwenyekiti. Ni mimi au Benta, mke wa Gordon wa reli. Benta! Mwanamke anayevaa glavu kufua!

Mjukuu wangu Lydiah anasomea ualimu. Asema si lazima niulize wanawake wote mia mbili. Niulize ishirini, nione fungu langu, nikisie waliobaki. Nikamwambia, mtoto wewe, hao wengine hawajafungua mdomo, nitawajuaje? Akachora viduara. Kichwa kikaniuma.

Jumanne, 10 Julai
Nimeuliza! Nilisimama bombani, ufunguo mkononi, na kila mama kabla sijamfungulia nikamwuliza: mimi au Benta? Wengi wakajibu: wewe, Mama Irungu, nani mwingine! Nabwire aliapa kwa kaburi la mamake. Kumi na sita wananitaka mimi. Wanne walisema bado wanaomba Mungu awaongoze. Hao walipofika maji yalikatika. Bahati mbaya.

Lydiah akapiga hesabu: wanne katika kila watano. Kwa hiyo mtaa mzima ni mia na sitini! Halafu akaanza kununa. Ati ningemtuma mtu mwingine aulize, tena awafikie wale wa nyumba za reli wenye bomba ndani. Wale hawaji kwangu, nitawauliza nini? Si yeye alisema ishirini wanatosha? Masomo ya siku hizi ni kugeuka tu.

Ijumaa, 13 Julai
Nimemwambia Benta mbele ya watu: nikikosa nusu ya akina mama, ufunguo ni wako. Akacheka, akasema mama, usiape, mashahidi ni wengi. Cheka tu, bibi glavu. Nina mia na sitini.

Jumamosi, 14 Julai
Kila mama alisimama nyuma ya anayemtaka. Nyuma yangu thelathini na mmoja, na huyo mmoja amelala mgongoni mwa mamake. Mlolongo wa Benta uligeuka kona ya kanisa! Nyumba za reli zote! Na wa tatu kutoka mbele, Nabwire! Nikamwuliza, na lile kaburi? Akasema mamake yuko hai, yuko Busia, anawasalimu.

Nimeuvua ufunguo. Shingo imekuwa kama ya kuku aliyenyonyolewa.

Jumapili, 15 Julai
Nimepanga foleni na debe langu. Mimi! Nilipofika mbele, Benta akaniuliza kwa upole, mama, tukirudia leo ungesimama nyuma ya nani? Nyuma yako, mwanangu, nani mwingine! Akajaza debe hadi likafurika.

Uongo mtupu, Mungu anisamehe, lakini nyumbani hakukuwa na tone. Lydiah akauliza, Shosho, sasa umeelewa? Nimeelewa sana. Wale kumi na sita walisema kweli, ni Benta aliyewageuza. Mwakani sirudii kosa. Nitauliza arobaini, papo hapo bombani.