Ombi la Kuzimwa kwa Nyota Mbalisa

Mwl. Rhoda Magesa,
Kalangalala, Geita.

Mhariri,
Jarida la Kichuguu.

Ndugu Mhariri,

YAH: NYOTA YENU IZIMWE KABLA YA TOLEO LIJALO

Kichwa cha habari hapo juu nimekiandika nikiwa na akili timamu, nimekunywa chai, na sijagombana na mtu. Natumaini wewe na wote mnaotunga mambo huko ofisini hamjambo. Sisi huku tungekuwa wazima, ila mmetuletea nyota.

Mimi ni mwalimu wa Sayansi, shule ya msingi. Mume wangu, Charles Makoye, ni mchimbaji mdogo. Ana duara, yaani shimo la dhahabu, pamoja na wenzake wawili, Onesmo na Masudi. Tangu mwezi wa tatu jarida lenu linachapisha hadithi ya ulimwengu wa kubuni uitwao Zunuri, unaoangazwa na nyota moja, Mbalisa. Mpeni pongezi mwandishi wenu. Ameandika vizuri mno. Angeandika vibaya kidogo tu, leo ningekuwa na mume mwenye akili zake.

Malalamiko yangu ni haya:

1. Mnasema Mbalisa haina moto, bali inawaka kwa baridi, na kwamba inavuta dhahabu kutoka ardhini kama mwezi unavyovuta maji ya bahari. Mnasema pia haionekani, kwa kuwa mwanga wake unakwenda upande wa pili. Nilimwuliza mume wangu, "Baba Sesilia, nyota isiyoonekana umejuaje kama ipo?" Akanijibu kwa upole, "Na dhahabu je, Mama Sesilia? Uliwahi kuiona kabla haijachimbwa?" Nimefundisha Sayansi miaka kumi na tisa. Swali hilo halimo katika kitabu chochote cha darasani. Kwa kuwa swali ni lenu, naomba jibu nalo mlilete ninyi.

2. Watu wa Zunuri hawachimbi wakiipa nyota mgongo. Sawa, ni mila yao, tunaiheshimu. Lakini sura ya nne imeiweka Mbalisa kusini mashariki. Masudi ni mtu wa swala tano, Onesmo anaimba kwaya, na tangu wafahamiane hawajawahi kuelewana hata juu ya chumvi ya maharage. Kwa hili walielewana asubuhi moja. Njia ya chini waliyoichimba miezi minne kuelekea magharibi wakaiacha, wakaanza kugonga mwamba upande wa nyota. Nilikwenda mwenyewe kuwashauri. Onesmo akanisimamisha mdomoni mwa shimo: "Shemeji, samahani, sogea kidogo. Unaikinga." Nikasogea, Ndugu Mhariri. Nilikuwa nimeikinga nyota kwa gauni la kitenge.

3. Mama mkwe wangu anaishi Mhunze. Nilimpigia simu nikamwamkia, "Shikamoo, mayu," yaani mama. Badala ya marahaba akaniuliza, "Mbalisa imeamkaje huko?" Charles alikuwa amemsomea sura zote. Mama akafikiri kwamba nyota inayoweza kuvuta dhahabu haiwezi kushindwa na mvua, akapanda mtama wiki mbili kabla ya majirani. Mtama umeota vizuri sana. Hili nalileta kwenu kama lalamiko, kwa sababu limeniharibia hoja.

4. Katika jaribio la darasa la sita niliuliza nyota iliyo karibu zaidi na dunia. Wanafunzi thelathini na mmoja waliandika Mbalisa. Niliwakosesha wote. Wazazi wakaja ofisini na jarida lenu mkononi, wakanionyesha ukurasa unaosema hivyo.

5. Hapa sitanii. Katika sura ya sita mashujaa wenu wanachimba bila kuegemeza magogo, eti nyota inashikilia paa. Huku kwetu paa linashikiliwa na magogo. Nimemwuliza Charles kama njia mpya ina magogo, akasema watayaweka wiki ijayo. Nimemwuliza tena, akasema nimeanza kuwa kama watu wasioamini. Nimeolewa na mtu huyu kwa hiari yangu na bado namtaka. Kila nikisikia pikipiki ikisimama nje ya darasa, nadhani imeleta habari za shimo, na chaki inaniponyoka.

Kwa hiyo naomba nyota hiyo ipasuke katika sura ijayo. Ikiwa kitaalamu haiwezekani, naomba ihamishiwe juu ya anga la Tinde, ambako watu wanalima na kufanya biashara na haitawasumbua sana. Na kama hata hilo ni gumu, basi mwandishi aandike sentensi moja tu: kwamba Mbalisa inapenda magogo.

Wasalimieni wachapaji, wasahihishaji, na mtunzi mwenyewe, pamoja na mkewe, kama naye bado anamvumilia.

Wenu katika kutafuta ukweli,
Mwl. Rhoda Magesa.

Nyongeza: Bahasha nilikuwa sijaifunga. Leo saa nne asubuhi pikipiki ilisimama nje ya darasa kweli. Alikuwa Charles, vumbi tangu nywele hadi kucha. Duara limetitia lote, njia ya zamani na njia mpya. Chini hapakuwa na mtu. Masudi alikuwa amefika na toleo lenu jipya, wakapanda juu wote watatu kusoma sura ya saba, wakaanza kubishana kama Mbalisa ni mume au mke. Bishano lilikuwa halijaisha ardhi ilipozama. Nilimshika mume wangu mkono mbele ya darasa zima na sikuuachia hadi kengele ilipolia. Tafadhali msiizime. Sura ya nane iwe ndefu, ya kubishaniwa hata siku mbili. Na mnitumie nakala yangu mwenyewe, maana mimi naona ni mke.