Jemedari Wenu, Mume Wangu na Mtoto Anayekaribia Kutembea

Ndugu Mhariri,

Shikamoo kama umenizidi umri, na kama hujanizidi basi habari za kazi. Mimi ni msomaji wa gazeti lenu la hadithi, mfungaji wa biskuti kiwandani, na mama wa mtoto mmoja tunayemwita Bonge kwa ajili ya mashavu yake. Shule niliishia darasa la saba, kwa hiyo nikikosea mahali pa kuweka nukta naomba uiweke mwenyewe, maana ndiyo kazi yako.

Naandika kulalamika. Nimejaribu kunyamaza, nimeshindwa.

Malalamiko yangu yanahusu hadithi yenu ya zama za kale, ile ya Jemedari na binti wa mfua dhahabu. Nakukumbusha, maana inaonekana ninyi wenyewe mmeshaisahau. Jemedari alitakiwa awe na mke ndipo arithi jumba la babu yake. Binti alitakiwa apate mume upesi, la sivyo baba yake mdogo angemwoza kwa mzee mwenye meno mawili. Wakaoana kwa makubaliano, mapenzi hakuna, kila mmoja na shida yake mkononi, mpaka mfalme atakaporudi kutoka vitani. Mfalme akirudi, kila mtu ashike njia yake.

Sisi wanawake wa meza ya kufungia tulikuwa tunaisoma wakati wa chakula, mmoja anasoma, wengine tunatafuna. Siku Jemedari alipomfunika binti kwa joho lake kwa sababu ya baridi, msimamizi wetu, mama mtu mzima ambaye hatujawahi kuyaona meno yake, alisema, "Hebu rudia hapo." Ikarudiwa. Akasema, "Tena."

Halafu mfalme akaonekana mlimani na jeshi lake, anarudi. Halafu, Ndugu Mhariri, toleo lililofuata mkaweka ukurasa wa namna ya kutoa madoa kwenye nguo. Na la baada ya hilo, madoa tena.

Wenzangu wameudhika tu. Mimi mmeniweka pabaya, kwa sababu na mimi nimeolewa hivyo hivyo.

Nieleze kidogo, na mkichapisha msitaje kiwanda, maana watu wa ofisi ya nyumba nao ni wasomaji wenu. Mume wangu ni fundi wa tanuri. Kiwanda chetu kina nyumba za wafanyakazi, na nyumba ya vyumba viwili hapewi mtu asiye na familia. Asiye na familia anakaa bwenini na wenzake wanaokoroma kwa kupokezana. Yeye alikuwa amelichoka bweni. Mimi nilikuwa nakaa kwa shangazi, nina mimba, na aliyenipa mimba alikuwa amesafiri safari isiyo na anwani. Shangazi alikuwa ameshaanza kufunga mlango wa jikoni kwa kishindo kila nikipita.

Siku moja yule fundi akaja kwenye meza yetu, kofia mkononi, nyusi zina unga. Akasema, "Dada, mimi nina shida, na nimesikia na wewe una shida. Sijui kama zinaweza kukaa nyumba moja." Nilicheka mpaka nikafunga pakiti isiyo na biskuti.

Tukaenda kwa msajili wa ndoa. Makubaliano tuliyafanya kwa mdomo, njiani tukirudi: tutaishi kwa heshima mpaka mtoto atembee. Mtoto akishatembea nitaweza kujitegemea, niwe huru kwenda ninakotaka, na yeye atakuwa ameshaizoea nyumba na ofisi imeshamzoea yeye. Nilikubali haraka sana. Wakati ule habari ya mtoto kutembea niliiona iko mbali kama uzee.

Sasa naweka malalamiko kwa mpangilio.

1. Jemedari ni mkorofi, na mume wangu ni mpole. Jemedari sura ya kwanza alimtazama binti kama mtu anayetazama inzi kwenye maziwa. Kwa hiyo sura ya tisa alipotabasamu, dunia nzima ilijua kuna kitu kimebadilika. Mume wangu alianza kutabasamu siku ya kwanza, alipokuwa anabeba sanduku langu. Anatabasamu mpaka leo. Nitajuaje kama hili tabasamu la leo ni lile lile la sanduku au ni jipya? Mngetuonya mapema kwamba mwanamume mpole hafai kwa ndoa ya namna hii, tungetafuta mkorofi.

2. Kuhusu vitanda. Jumba la Jemedari lina vyumba arobaini, lakini wakisafiri kila nyumba ya wageni ina kitanda kimoja, na nje mvua. Sisi tuna vyumba viwili, na mume wangu akaweka kitanda chake sebuleni, akafunga na pazia. Masika yalipoanza bati likavuja juu ya kitanda chake. Sitaki kusema uongo, nilifurahi. Nilitandika vizuri chumbani, nikasogeza mto. Mume wangu akaenda kuazima ngazi, akapanda mvua ikimnyeshea, akaziba tundu, akashuka, akasema, "Sasa unaweza kulala bila wasiwasi, Mama Bonge." Nikalala bila wasiwasi, nikilia.

3. Binti wa mfua dhahabu alipata homa, Jemedari akakaa kando ya kitanda, akidhani hasikii akatoa yote ya moyoni. Na mimi nilipata homa. Mume wangu aliomba ruhusa kazini, akapika uji, akafua nepi za Bonge na kuzianika kwenye kamba ya mbele, mahali ambapo mafundi wenzake wote wanapita. Wakampigia miluzi. Akaendelea kubana vibanio. Halafu akaja akakaa kando ya kitanda. Nikafumba macho, nikapumua polepole kama mtu asiyesikia, nikangoja. Ningojee nini zaidi, homa ninayo, kando ya kitanda yupo! Akakohoa kidogo. Akasema, "Uji unapoa."

4. Wivu. Jemedari alichomoa upanga kwa sababu binamu yake aliokota leso ya binti. Mimi nilimwambia mume wangu kwamba dereva wa lori la biskuti amekisifia kitambaa changu cha kichwa. Akakitazama kitambaa. Akasema, "Ni kweli, kizuri." Kesho yake akaja na kitambaa kingine, cha rangi tofauti, akasema hiki ni cha kuvaa kazini, kile kizuri kibaki cha nyumbani. Dereva hajapigwa mpaka leo.

Hapa utaniuliza, kama hadithi yenyewe inaniumiza hivi, kwa nini naisoma? Nimeulizwa na shangazi pia. Nakujibu kama nilivyomjibu yeye. Hadithi nyingine mapenzi yanaanza kwanza, wanakimbizana mvuani, wanaapiana, halafu wakioana wanagombania sufuria. Hizi za kuoana kwa shida zinaanza na sufuria. Watu wawili wasiojuana wanaanza kujua huyu anapenda chumvi kiasi gani, huyu akichoka anakuwa kimya, huyu anaogopa radi. Mapenzi yanakuja nyuma nyuma, kama mtoto aliyeambiwa abaki nyumbani, wakigeuka wanamkuta ameshafika. Mtu aliyeanza na sufuria kama mimi akisoma hivyo anapata nguvu ya kuamka. Ndiyo maana kuikata katikati si mchezo.

5. Hili ndilo kubwa. Bonge anasimama. Anashika stuli, anajiinua, anaachia mkono mmoja, anatuangalia kama mtu anayetaka kutangaza jambo. Mimi huwa nambeba hapo hapo, kwa sababu ya ubaridi wa sakafu, na wala si kwa sababu nyingine yoyote. Lakini baba yake amezidi. Mtoto akiachia tu stuli, hata kama mwenzangu anakula, anaruka na kumnyakua. Anasema miguu bado laini. Juzi nilimkuta ameiweka stuli juu ya kabati. Kiatu cha kwanza cha mtoto alichonunua ni kikubwa mno, nikamwambia hiki atakivaa akianza shule, akasema, "Hakuna haraka."

Tulipompeleka kliniki, muuguzi akamsimamisha Bonge mezani, akatutazama kwa zamu. "Huyu mtoto mnambeba kama yai? Miguu hii ni ya kuchezea mpira! Mwekeni chini, atembee!" Mimi nikatazama picha ya mboga ukutani. Mume wangu akatazama mizani. Njia nzima ya kurudi nyumbani alimbeba mabegani.

Jambo hili nimelifikiria mpaka kichwa kinauma. Mtu anayesubiri makubaliano yaishe abaki na nyumba yake kwa raha, si angemfundisha mtoto hata kukimbia? Nimeshindwa kumwelewa. Naona ni uvivu tu wa kulea, ingawa uvivu mwingine wowote sijauona kwake.

6. Hata nguo zinaharibika kwa ajili yenu. Jioni huwa namsomea hadithi wakati anapiga pasi. Nilipofika pale mfalme anapoonekana mlimani, alisimama na pasi juu ya kola ya shati, kola ikaanza kutoa moshi. Nikasema, "Baba Bonge, unaunguza." Akasema, "Huyo mfalme ana haraka gani?" Toleo la madoa lilipokuja, alilisoma mbele na nyuma akitafuta mwendelezo, kisha akalikunja taratibu, akaniuliza kama labda mwisho wanautangaza redioni. Doa la kola ile halitoki kwa njia yoyote mliyoandika.

Kutokana na hayo, Ndugu Mhariri, naomba yafuatayo kwa heshima zote.

Kwanza, chapisheni sura ya mwisho kabla Bonge hajatembea. Mkichelewa haitanisaidia kitu.

Pili, katika sura hiyo Jemedari ndiye aanze kusema. Asimwachie binti. Binti ameshafanya kazi ya kutosha. Na asizungumze kwa mafumbo ya upanga na mwezi; aseme maneno mepesi ambayo fundi wa tanuri anaweza kuyashika akiwa anapiga pasi. Kwa mfano: "Usiende." Mwambieni mwandishi hilo linatosha, hata kama analipwa kwa urefu.

Tatu, kama mwandishi anaumwa au amegombana nanyi, basi mfalme arudi vitani. Vita haviishi hivi hivi, mtatafuta sababu.

Nne, kama hayo yote hayawezekani, yule daktari wenu wa ukurasa wa afya aandike kwamba mtoto kutembea kabla ya kutimiza miaka mitatu ni hatari kwa magoti. Aandike kwa herufi kubwa na picha ya goti. Nitaikata niibandike ukutani, na nakala nyingine nitampelekea yule muuguzi.

Na tano, siku nyingine mkiandika ndoa ya makubaliano, wekeni onyo juu ya ukurasa: wanaooana kwa shida wasiweke kikomo kiwe kitu chenye miguu.

Mimi sina ugomvi na mtu. Nina nyumba yenye bati lisilovuja, mtoto mwenye mashavu, na mume ambaye kwa mujibu wa makubaliano anakaribia kuisha. Nisingependa aishe. Kumwambia ana kwa ana siwezi, kwa sababu mimi ndiye niliyekubali haraka, na nikisema leo ataona namng'ang'ania kwa ajili ya nyumba. Ndiyo maana nimeona ni rahisi zaidi kuandikia gazeti zima.

Nisalimie wote hapo ofisini: mwandishi wa hadithi popote alipojificha, mchoraji, umwambie kwamba farasi wa Jemedari ana miguu mifupi mno, wapiga chapa, anayewachemshia chai, na hata yule wa madoa, najua ametumwa tu.

Nikiamini kwamba mtanisikia kabla ya toleo lijalo, nabaki mimi,

Mama Bonge,
Meza ya kufungia, zamu ya asubuhi

N.B. Ndugu Mhariri, barua ilikuwa imeshaisha, naitafutia bahasha, mume wangu akarudi kutoka kazini. Bonge alikuwa ameshika goti langu. Alipomwona baba yake mlangoni aliliachia, akapita juu ya mkeka, akavuka sakafu yote, akaenda kumkamata mguu. Alitembea kabisa, hakuna cha kubishana.

Sote wawili tuliganda. Mume wangu akaufunga mlango kwa kisigino, taratibu, kama mtu anayeficha mwizi. Akamwinua Bonge, akamketisha tena mkekani. Uso ulikuwa umemwiva kuliko akiwa mbele ya tanuri. Akasema, "Mama Bonge, mimi sijaona kitu. Na sitaona kitu hata akiota ndevu. Wewe je?"

Nikasema, "Mimi nilikuwa naandika."

Bonge akainuka akatembea tena, safari hii kwa maringo, na sisi tukatazama dari mpaka alipomaliza.

Kwa hiyo hayo yote niliyoandika hapo juu nayafuta. Sura ya mwisho msiichapishe kwa ajili yangu, daktari asijisumbue na magoti, na mfalme arudi atakapopenda. Na mkiona alama ya mguu mdogo pembeni mwa karatasi hii, ni vumbi tu. Hakuna aliyetembea.